KUOMBA KESI IHAMISHWE SI KUSIMAMISHA KESI

(Maneno yaliyosemwa na Kamati mbele ya mkutano wa wanachama. Yamepigwa chapa hapa kwa ajili ya ndugu ambao walikuwa kazini siku hiyo.)



Tulipotangaza kwamba leo tutazungumza habari za korti, wengine walinung'unika wakasema, "Kwani sisi ni wezi?" La, ndugu, si wezi. Lakini mfanya kazi aweza kujikuta kizimbani bila kuwa mwizi. Siku ya mgomo watu husukumana langoni, dirisha huvunjika, na kesho yake majina matano hupelekwa kituo cha polisi. Mali ikipungua ghalani, wa kwanza kushikwa ni mlinzi na mpakiaji. Gari likipinduka, dereva ndiye hushtakiwa, hata kama alikwisha kusema mara tatu kwamba breki ni mbovu. Kwa hiyo habari hii ni yetu.

Twataka kuanza kwa kukiri kosa letu wenyewe, maana chama kisichokiri makosa yake hakifundishi mtu.

Ndugu yetu mmoja, ambaye ametuomba tusitaje jina lake, alishtakiwa baada ya mgomo kwamba aliharibu mali. Alipewa dhamana, na aliyemdhamini ni shemeji yake, ambaye aliweka hati ya shamba lake. Kisha ndugu huyu akapata habari kwamba hakimu anayesikiliza kesi yake ana ujamaa na mkubwa mmoja wa pale kazini. Akaogopa, na hatumlaumu kwa kuogopa. Akaandika barua kwenda Mahakama Kuu kuomba kesi yake ipelekwe mji mwingine. Barua ikapokelewa, ikapigwa mhuri. Akaja ofisini kwetu na ile nakala yenye mhuri, akauliza, "Sasa je, siku ya kesi niende?" Mmoja wetu akamjibu, "Ya nini? Umekwisha kuomba ihamishwe. Ngoja jibu."

Siku ya kesi ikafika. Jina lake likaitwa mlangoni mara tatu, hakuna mtu. Kiongozi wa mashtaka akaomba waranti ya kumkamata, hakimu akaitoa. Shemeji akaitwa aeleze kwa nini asilipe ile pesa ya dhamana. Ndugu yetu akakamatwa usiku nyumbani kwake mbele ya watoto, akalala rumande wiki nyingi. Alipotoka alikuta barua ya kufukuzwa kazi. Na ile barua yake ya Mahakama Kuu? Ilikuwa imekaa tu, kwa sababu haikuandikwa kwa njia inayotakiwa na sheria.

Aliyempa shauri lile hakuwa wakili wala adui. Alikuwa ni sisi. Ndiyo maana tumesimama mbele yenu leo. Neno tunalotaka mwende nalo nyumbani ni moja: OMBI HALISIMAMISHI KESI. AMRI YA KORTI NDIYO HUSIMAMISHA KESI. Mpaka amri hiyo itoke, siku yako ya kesi ni siku yako ya kesi, na lazima uwepo. Wazee walisema, asiyekuwapo na lake halipo.

SHERIA YASEMAJE

Katika Kenya sheria inayoongoza kesi za jinai ni Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, sura ya 75. Kifungu chake cha 81 chaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuhamisha kesi kutoka korti moja ya chini kwenda nyingine. Sababu zake zimetajwa. Ya kwanza ni kwamba haiwezekani kupata hukumu ya haki na isiyo na upendeleo katika korti ile. Ya pili ni kwamba kuna swali la sheria lililo gumu kuliko kawaida. Ya tatu, huenda ikahitajika korti ikatazame mahali penyewe palipotendeka jambo. Ya nne, kuhamisha kutawafaa wenye kesi au mashahidi. Na ya mwisho, kwamba haki yenyewe yadai hivyo.

Mahakama Kuu yaweza kufanya hivyo kwa taarifa ya korti ya chini, au kwa ombi la mwenye kuhusika, au kwa kujiamulia yenyewe. Lakini ombi la mshtakiwa si barua ya kawaida kama ile ya kuomba likizo. Lazima liletwe kwa hati rasmi ya maombi, tena liungwe mkono na hati ya kiapo, yaani maneno uliyoapa kwamba ni kweli. Lazima pia umpelekee Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma taarifa ya maandishi pamoja na nakala ya sababu zako, na ombi haliwezi kuamuliwa mpaka zimepita saa 24 tangu apewe taarifa hiyo. Mahakama Kuu yaweza hata kukuagiza utie sahihi ahadi kwamba ukipatikana na hatia utalipa gharama za mashtaka.

Sasa someni kifungu hicho tena kwa makini. Hakuna mahali kinaposema kwamba mara ombi likipokelewa kesi ya chini inasimama. Hakuna. Mhuri wa karani waonyesha kwamba karatasi imepokelewa, basi. Hakimu wa chini ambaye hajaletewa amri yoyote ana ruhusa ya kuendelea, na mara nyingi ataendelea.

Hata hivyo kuna mlango. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 165, imeipa Mahakama Kuu uwezo wa kuzisimamia korti za chini, kuita majalada yao, na kutoa amri zinazofaa ili haki itendeke. Kwa uwezo huo yaweza kuamuru kesi ya chini isimame kwa muda, mpaka ombi la kuhamisha liamuliwe. Lakini lazima uiombe amri hiyo, na lazima uonyeshe kwa nini. Majaji hawasimamishi kesi za jinai kwa wepesi. Watauliza, "Kesi ikiendelea leo na kesho, kitaharibika nini ambacho hakiwezi kutengenezwa baadaye?" Ukiwa na jibu, sema. Kwa mfano: mashahidi wakubwa wataitwa wiki hii mbele ya hakimu ambaye kesho huenda akaondolewa, na hukumu yaweza kutolewa kabla ombi halijasikilizwa, kisha ombi liwe halina kazi tena.

KWA NINI KESI HAISIMAMI YENYEWE

Ndugu wengine huuliza, "Sheria gani hii? Mtu akiogopa hakimu, si ingekuwa haki kesi isimame papo hapo?" Ni swali zuri, na jibu lake limepatikana kwa watu waliojaribu njia hiyo.

Sheria yetu haikuzaliwa hapa. Katika utawala wa Waingereza, hadi 1930, korti za Kenya zilitumia sheria za jinai za India. Ndipo ikatungwa ya kwetu, nayo ilirithi mambo mengi ya kule. Huko India sheria ya zamani, ile ya 1898 pamoja na marekebisho yake, ilifika mahali ikasema kwamba mwenye kesi akimwarifu hakimu kuwa anakusudia kuomba kesi ihamishwe, hakimu sharti aahirishe ili apate nafasi ya kuomba. Jambo hilo laonekana kuwa zuri. Lakini wajanja wakalishika. Mwenye pesa alikuwa akiona mashahidi wamefika na kesi inamwelekea vibaya, asimame aseme, "Nakusudia kuomba ihamishwe." Mashahidi warudi kwao, waliosafiri maili nyingi kwa nauli yao. India ilipotunga sheria mpya mwaka 1973 iliondoa lazima ile. Tangu hapo Mahakama Kuu ndiyo huamua kama kesi isimame au isisimame, na sheria iliyofuata, iliyoanza kutumika Julai 2024, imeshika njia hiyo hiyo.

Tena sheria ile yasema jambo moja ambalo tungependa mlikumbuke: hata kesi ikisimamishwa, uwezo wa korti ya chini wa kumweka mtu rumande haukusimama. Kesi yaweza kusimama, na wewe ukabaki ndani. Kwa hiyo kusimamisha kesi ni dawa, lakini ni dawa yenye bei.

Na bei hiyo mfanya kazi huilipa kuliko tajiri. Mtu aliyesimamishwa kazi bila mshahara mpaka kesi iishe, kila mwezi wa kuahirisha ni mwezi wa njaa. Mashahidi wake ni vibarua: leo wako hapa, kesho wamehamia shamba jingine, na hakuna ajuaye walikokwenda. Katiba yenyewe, kifungu cha 50, yasema mshtakiwa ana haki kesi yake ianze na kuisha bila kuchelewa pasipo sababu. Haki hiyo ni yako. Usiitupe kwa hasira ya siku moja.

MAHALI PA KESI SI JAMBO DOGO

Baada ya kusema hayo, hatutaki mtu aondoke hapa akidhani kwamba kuomba kesi ihamishwe ni utovu wa adabu, au ni kazi bure. Historia ya vyama vya wafanya kazi yaonyesha kwamba mahali pa kesi na mtu anayeisikiliza ni jambo kubwa.

Mwezi Machi 1929 utawala wa Waingereza huko India uliwakamata zaidi ya watu 30, wengi wao viongozi wa vyama vya wafanya kazi. Wengi walikuwa watu wa Bombay na Calcutta, ambako vyama vyao vilikuwa na nguvu. Lakini walipelekwa kushtakiwa Meerut, mji wa kaskazini ulio mbali na wenzao. Katika miji ile mikubwa wangeweza kudai juri, yaani raia wa kawaida wanaokaa kuamua kama mtu ana hatia. Meerut hawakuipata. Kesi ikachukua karibu miaka minne, na hukumu ikatolewa Januari 1933. Mmoja wao alikufa kabla haijaisha. Walipokata rufani, Mahakama Kuu ya Allahabad ilipunguza vifungo mwezi Agosti 1933 na wengine wakaachiliwa. Lakini nani atawarudishia ile miaka?

Na hapa kwetu kila mtu ajua jina la Kapenguria. Hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 1952, Mzee Jomo Kenyatta na wenzake watano walishtakiwa huko. Wawili katika hao sita walikuwa watu wetu wa vyama: Fred Kubai wa wafanya kazi wa uchukuzi, na Bildad Kaggia wa makarani. Kwa nini Kapenguria, wala si Nairobi? Ni mahali palipokuwa mbali na umati wa watu. Hapakuwa na hoteli; mawakili walilala Kitale na kusafiri kila siku kwenda na kurudi. Hakimu aliyewekwa, Ransley Thacker, alikuwa jaji aliyestaafu. Ni yeye yule ambaye mwaka 1950, huko Nyeri, alisikiliza shauri la Serikali dhidi ya ndugu yetu Makhan Singh, kiongozi wa muungano wa vyama vya wafanya kazi, ambaye kisha alizuiliwa hadi 1961.

Mnamo Aprili 1953 wale sita walihukumiwa kifungo cha miaka saba na kazi ngumu. Katika rufani, Korti Kuu ya Kenya ilisema hakimu yule hakuwa na mamlaka ya kusikiliza kesi mahali pale, maana aliwekwa kwa ajili ya Jimbo la Kaskazini na Kapenguria ilikuwa katika Jimbo la Bonde la Ufa. Watu wakafurahi. Lakini mwaka huo huo Korti ya Rufani ya Afrika ya Mashariki ikapindua uamuzi ule. Na muda wote wa mabishano hayo, kuanzia korti moja mpaka nyingine, mlango wa jela haukufunguliwa.

Mafunzo ni mawili, ndugu. La kwanza, si upuuzi kuuliza, "Kwa nini hapa, na kwa nini mtu huyu?" La pili, mabishano juu ya mahali pa kesi hayamtoi mtu ndani. Uyaanze mapema, uyafanye kwa njia ya sheria, na huku ukiendelea kulinda dhamana yako.

NJIA YA KUFUATA

Sasa twaeleza hatua, moja moja. Mwenye kalamu na aandike.

Kwanza, ujue unachotaka. Wataka hakimu mwingine, au wataka mji mwingine? Kama shida ni hakimu peke yake, waweza kumwomba yeye mwenyewe, mbele ya korti na kwa heshima, ajiondoe, ukieleza sababu. Mara nyingine hujiondoa, na kesi ikaenda chumba cha pili katika jengo hilo hilo. Hakimu wa daraja la kwanza naye ana uwezo wa kupeleka kesi kwa hakimu mwingine aliye katika eneo lake. Hiyo ni njia fupi. Kama shida ni mji wote, ndipo uende Mahakama Kuu.

Pili, andika mambo uliyoyaona au kuyasikia, si mambo unayoyadhani. Siku gani, mahali gani, nani alisema nini, nani mwingine alikuwepo. "Watu wanasema" si ushahidi. Na usiongeze chumvi, maana hati hiyo utaiapia, na kuapa uongo ni kosa lingine la jinai juu ya lile ulilo nalo.

Tatu, katika hati yako omba mambo MAWILI: kesi ihamishwe, na isimame mpaka ombi liamuliwe. Ndugu yetu aliomba moja tu. Tena kama siku ya kesi imekaribia, hati iletwe pamoja na cheti cha dharura, ili jaji aione mapema.

Nne, tafuta wakili kama yawezekana. Asiye na uwezo na ajaribu Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyowekwa na sheria ya 2016. Mjue pia kwamba korti za chini husikiliza kwa Kiingereza au Kiswahili, lakini lugha ya Mahakama Kuu kwa sheria yetu ya jinai ni Kiingereza. Basi kabla ya kutia sahihi au kidole juu ya hati ya kiapo, usomewe kwa lugha unayoifahamu, tangu mwanzo mpaka mwisho. Usiseme "haya" kwa sababu ya aibu.

Tano, na hii ndiyo kubwa: siku ya kesi NENDA KORTINI. Fika mapema, na mdhamini wako ajue uko huko. Chukua nakala zenye mhuri. Jina likiitwa, simama useme hivi: "Mheshimiwa, nimepeleka ombi Mahakama Kuu, nambari yake ni hii, nalo litasikilizwa tarehe hii. Naomba kesi iahirishwe mpaka uamuzi utoke. Na ikiwa korti haikubali, naomba maneno yangu yaandikwe." Hakimu ana uwezo wa kuahirisha kwa sababu njema, hata kama Mahakama Kuu haijatoa amri. Wengi hukubali wakiona karatasi ni za kweli na siku ya kusikilizwa iko karibu.

AMRI ISIPOTOLEWA, NA IKITOLEWA

Hakimu akikataa kuahirisha, usitoke nje. Usimgeuzie mgongo. Usikae kimya kama jiwe ukidhani kwamba kimya chako ni upinzani. Shahidi akitoa ushahidi dhidi yako nawe hukumwuliza neno, maneno yake yataandikwa yakiwa hayana jibu. Maneno yako ya kupinga yamekwisha kuandikwa, nayo yatakufaa katika rufani. Sasa pigania kesi yako kama kwamba hakimu huyo ndiye wa mwisho.

Mahakama Kuu ikitoa amri ya kusimamisha, usiseme mambo yamekwisha. Pata nakala iliyothibitishwa, uipeleke mwenyewe au wakili wako katika ofisi ya korti ya chini, upigiwe mhuri kwamba imepokelewa. Amri iliyobaki mfukoni mwako hakimu haioni. Kisha soma inasema mpaka lini. Nyingine ni za siku chache tu, mpaka ombi lisikilizwe, na zikiisha zimeisha. Masharti ya dhamana yako yabaki pale pale: uliyeambiwa upige ripoti kila wiki, piga ripoti. Korti ya chini ikitaja tarehe ya kutajwa kesi, nenda, hata kama ni kwa dakika mbili. Aliye rumande atabaki rumande, isipokuwa ameomba dhamana naye akapewa, basi aombe.

Na ombi likikubaliwa, kesi ikapelekwa kwingine, uliza upesi: korti gani, tarehe gani? Mwarifu mdhamini na mashahidi wako. Ikiwa mashahidi walikwisha kusikilizwa na hakimu wa kwanza, kifungu cha 200 chakupa haki ya kudai kwa hakimu mpya kwamba shahidi yeyote aitwe tena asikilizwe upya, na hakimu huyo ana wajibu wa kukuarifu haki hiyo. Fikiri kabla ya kujibu. Kama shahidi alijichanganya mara ya kwanza, ya nini kumpa nafasi ya kujitengeneza? Kama alisema uongo bila wewe kuwa na wakili wa kumhoji, basi huenda ni vizuri aitwe.

SABABU ZISIZO SABABU

Twaomba radhi, lakini hili nalo lazima lisemwe. Kuna wanachama wanaotujia wakisema hakimu ni mbaya, nasi tukiuliza kwa nini, wasema, "Amekataa ombi langu jana." Hakimu kukataa ombi lako si upendeleo, ni kazi yake kukubali au kukataa, nawe una rufani. Mwingine asema, "Hakimu ni wa kabila la meneja." Hiyo nayo si sababu, na sisi ambao chama chetu kina watu wa kila kabila twapaswa kuwa wa mwisho kuitamka. Mwingine hataki kuhama hata kidogo. Ataka muda tu, maana aogopa siku ya hukumu.

Kipimo cha korti ni hiki: mtu wa kawaida, mwenye akili timamu, anayejua mambo yote ya kesi, je, naye angeogopa kwamba haki haitatendeka? Ujamaa wa damu na mlalamikaji, urafiki wa biashara, maneno ya kuhukumu yaliyosemwa kabla ushahidi haujaisha, vitisho mjini vinavyowazuia mashahidi kufika: hayo ni mambo ya kupimwa. Chuki ya moyoni peke yake haipimiki.

HATARI KWA KAZI YAKO

Kwa nini tunasisitiza dhamana namna hii? Kwa sababu Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu cha 44, yamfungulia mwajiri mlango. Katika sababu zinazoweza kumfanya amfukuze mtu papo hapo, moja ni kwamba mfanya kazi amekamatwa kwa kosa la kifungo ambalo polisi waweza kumkamatia bila waranti, na katika siku 14 hakutoka kwa dhamana wala kwa njia nyingine ya halali. Hesabuni siku hizo, ndugu. Siku 14 hupita upesi kuliko mnavyodhani, hasa kama mdhamini wako wa kwanza amekwisha kuchomwa na wewe na hakuna wa pili aliye tayari.

Ndugu yetu tuliyemtaja mwanzo alipoteza imani ya shemeji yake kabla hajapoteza kazi. Twawaambieni, la kwanza limemuuma kuliko la pili.

AHADI YA KAMATI

Kwa hayo yote, Kamati imekata maneno haya. Kuanzia sasa hakuna ofisa wa chama atakayemwambia mwanachama asiende kortini. Awezaye kusema hivyo ni korti peke yake, kwa amri yake. Mwanachama akishtakiwa, alete karatasi zake ofisini kabla ya siku ya kesi, si baada yake. Ofisi itaandika tarehe zake katika daftari, na siku ikikaribia mtu wetu atamkumbusha, na ikiwezekana ataandamana naye. Hatuwezi kumwahidi mtu kwamba atashinda. Hatuwezi kumwapia mtu maneno ambayo hatukuyaona. Lakini twaweza kuhakikisha kwamba jina lake likiitwa, kuna sauti itakayoitika.

Na ndugu yetu yule, tumekwisha kumwomba msamaha sisi na shemeji yake pamoja. Chama kimemtafutia wakili, na ombi lake limeandikwa upya kwa njia inayotakiwa, likiomba yale mambo mawili. Jumanne ijayo kesi yake inatajwa katika korti ile ile ya zamani, maana amri bado haijatoka. Atakuwepo. Nasi tutakuwepo pamoja naye. Aliye na zamu ya usiku siku hiyo na aje, akae kimya kwenye benchi za nyuma, simu imezimwa, bila kelele wala bango.

Umoja ni nguvu.

Ni sisi,
KAMATI